Sufuria Uliyonirudishia

Mama Jaji,

Ni mimi Mama Furaha wa Albert Park, yule muuza sombe, majani ya muhogo. Wewe unanijua. Wale waliokuaga ndio hawanijui.

Nakuandikia kwa Kiswahili kwa sababu nina hasira, na hasira yangu haijasoma Kiingereza. Ulipokuwa hai Furaha alitutafsiria. Barua hii hataigusa, iko maneno yake pia humu. Huko uliko nadhani hamuhitaji mtafsiri.

Nianze na ile ibada yako mjini. Ukumbi ulijaa, magari meusi yalipanga mstari mpaka kwenye robot, zile taa za barabarani. Nilivaa kitenge cha buluu, kile ulichosema kinanifanya kama waziri, na bila kujisifu, hakuna mwanamke aliyenishinda pale ndani. Wakubwa wakapanda jukwaani mmoja mmoja. Eti mwanamke mweusi wa kwanza kufungua ofisi ya sheria katika mtaa ule. Eti alitetea watu enzi za ubaguzi wakati wengine walinyamaza. Eti jaji asiyeogopa. Sawa, yote kweli. Lakini nilizitazama zile nyuso vizuri, Mama. Hakuna hata moja niliyowahi kuiona Jumamosi kwenye meza yetu pale kanisani, ulipowapa wakimbizi msaada wa sheria bure.

Walipomaliza nikasimama niseme langu. Kwetu kwenye matanga kila aliyekuwa na neno na marehemu anasimama, hata muuza mkaa. Kijana wa microphone akaja mbio, kwa adabu, akaniuliza kama jina langu iko kwenye programu. Nikamwambia kwetu marehemu hana programu. Furaha akanivuta kitenge kwa nyuma, Mama kaa, Mama nakuomba. Nikakaa. Nimekaa na maneno hayo tumboni wiki tatu sasa.

Hawakusema ulivyosimama. Ile hadithi ulitupa siku ya mvua, wateja walipokuwa wachache. Ulikuwa wakili mpya, na hakimu akakuambia viti vya meza ya mawakili si vya watu wa rangi yako. Hukutoka. Ulisimama siku tatu ukimtetea mtu aliyekamatwa bila pasi, kile kitambulisho walicholazimishwa watu weusi, ukatoka mahakamani umebeba viatu mkononi, miguu imevimba kama mikate. Tangu hapo mteja wako hakufungua mdomo kabla hajapewa kiti. Hata wewe hukukaa kabla yake.

Mwaka 2008, walipotufukuza majumbani na tukakimbilia kanisani na mabegi, ulikuja umestaafu, nywele nyeupe, umebeba mwenyewe meza ya kukunja. Mimi nilikuwa nasimama nikipiga kelele. Wiki nzima watu wa mji huu walikuwa wameniambia toka, ondoka, rudi kwenu. Ukamwuliza Furaha neno, ukalijaribu mdomoni mara mbili, kisha ukaniambia, "Kaa kwanza." Kiswahili chako chote kilikuwa hayo maneno mawili. Nililia mpaka nikaona aibu.

Mimi nimeishia darasa la sita. Nauza sombe, samaki mkavu na unga wa muhogo. Lakini mtoto niliyemzaa, Mama, wewe mwenyewe ulisema hujaona kichwa kama kile. Mwaka ule ule alifanya mtihani wa matric, ule wa kumaliza sekondari, akiwa hana hata meza ya kusomea, akapita na alama ambazo majirani hawataki nizitaje tena. Nitazitaja mpaka nife. Akasoma sheria miaka minne. Akafanya kazi chini ya wakili miaka miwili. Na kila Jumamosi alikuwa kando yako, anatafsiri, anaandika, na mimi saa sita naleta sombe ya moto. Ulikula kwa mkono, ukalamba vidole. Miaka saba hukuacha hata jani.

Halafu ikaja siku ya kuapishwa kuwa wakili, na wakamwambia hapana. Sheria inataka raia, au mwenye karatasi ya kukaa daima. Yeye ana karatasi ya ukimbizi. Ile nyingine tumeiomba, tunaingoja, wanatuambia tungoje. Kichwa hakikuwa na kosa, kazi haikuwa na kosa. Kosa ni mpaka aliouvuka nikiwa nimembeba mgongoni.

Basi nikafanya anachofanya kila mama wa kwetu. Nilipika ile sombe ya sikukuu, ya mawese na karanga, nikanunua kitenge kipya yadi sita, nikaja Jumamosi. Na siku hiyo nilisema kabla sijakaa. Nikakuambia, Mama Jaji, piga simu moja tu kwa wenzako kule juu. Mtoto huyu ni wako pia.

Ukaisukuma sufuria pole pole mpaka upande wangu, kifuniko hakijafunguliwa. Ukasema, "Leo siwezi kula, Mama Furaha. Leo iko ombi ndani." Na Furaha, mtoto wangu, akanitafsiria hayo bila kuinua macho.

Unajua kwetu kumrudishia mtu sufuria imejaa ni nini? Ni kumwambia chakula chako kina sumu. Niliibeba kichwani barabara nzima. Lifti ilikuwa imekufa, nikapanda ghorofa sita, na kila mlango iko mtu. Jirani yangu wa Bujumbura, yule mwenye mdomo, akaniuliza, "Mama Furaha, jaji amekula sombe miaka saba, leo simu yake haina salio?" Wakacheka. Mimi pia nilicheka, unajua nilivyo, lakini nilipoingia ndani niliitupa yote kwenye pipa.

Sikuja tena. Miezi mitatu. Furaha akienda Jumamosi sikumuuliza kitu. Nilikungoja unitumie neno, hata salamu. Wewe ukafa. Nilisikia kwenye redio ya muuza chumvi pale sokoni Warwick, nikiwa natafuta mifuko, wanakutaja kati ya habari ya bandari na habari ya mpira.

Sasa sikiliza kilichonifanya nishike kalamu.

Tulipotoka kwenye ile ibada nilikutukana ndani ya taxi, nikakutukana kwenye ngazi. Nikasema ulikuwa na roho ngumu, uliwasaidia wa mbali ukamnyima wa karibu. Furaha akaweka begi chini. "Mama, mwache. Mimi ndiye nilimwambia asipige." Kumbe wiki mbili kabla ya sufuria yangu alikuwa amekaa kwenye kiti cha mteja, akakuomba, mtu yeyote akija kuniombea, hata mama yangu, mkatalie. Hakutaka kuingia kwa simu. Alitaka sheria yenyewe iulizwe mbele ya majaji, kwa ajili yake na wote walio na karatasi kama yake. Mkaanza kuandika kesi, Jumamosi zile mimi niko dukani nimevimba.

Kwa hiyo ulijua, Mama. Siku ile ya sufuria ulijua. Ulikuwa na neno moja la kunituliza, "ni mwanao ameomba," na hukulisema, kwa sababu mteja akisema siri inabaki siri. Ukakubali nikuchukie. Ukafa nikikuchukia. Hiyo ndiyo sheria gani, ya kumficha mama habari za mtoto aliyemzaa? Nimeigeuza kichwani wiki tatu. Furaha anasema ungemwambia mmoja tu, hata mimi, usingekuwa wakili wake. Huyo naye nimemnyamazia siku mbili. Nimeshindwa ya tatu, alikuwa amekonda.

Nimeona zile karatasi. Pembeni iko maandishi yako ya penseli, ya mkono unaotetemeka, na ukurasa wa mwisho umeuacha nusu. Wakili kijana uliyemfundisha ameichukua bure, ameimalizia. Juu kabisa iko jina la Furaha na jina la baba yake. Watu wa sheria wataita kesi hiyo kwa jina letu. Nimefanya photocopy nikaibandika dukani juu ya unga. Wateja wanasoma jina kabla ya bei, na asiyesoma namsomea.

Itasikilizwa mwezi ujao. Wakili ametuambia wazi kwamba tunaweza kushindwa. Wewe ungekuwa hapo asingesema hivyo, au angesema na tusingeogopa.

Sijakusamehe. Nimekasirika na hakimu wako wa zamani, na hawa wa programu, na walioandika sheria hii, na zaidi ya wote wewe, uliyeondoka katikati ya ukurasa. Nakuahidi hivi. Nitakaa mahakamani kila siku ya kesi, mdomo nimeufunga, na unajua hiyo kwangu ni kazi. Wakishamaliza nitapanda taxi mpaka makaburini nikuambie walivyoamua, kwa sauti yangu, bila mtafsiri. Tukishindwa nitakutukana. Tukishinda nitakutukana pia, kwa sababu hukungoja uone.

Pumzika, dada yangu. Mimi bado niko na mtoto wa kumpeleka mahakamani.

Mama Furaha