Likizo ya Bwana Ooko

Jumatatu, 3 Machi 2025

Hatimaye wamekubali kusikiza rufaa yangu! Miaka kumi na saba. Serikali haina haraka, nami sina pa kwenda.

Afisa anaitwa Jeruto, binti mwenye adabu. Nilipofutwa kazi lazima alikuwa bado anavaa yunifomu ya shule. Amenisomea faili kwa sauti ya upole: Sitati, msaidizi wa daktari wa mifugo, alitoroka kazi Januari 2008. Aliandikiwa ajieleze. Hakujibu.

Kweli, sikujibu. Barua ilipelekwa kwenye nyumba yangu ya kituoni, na nyumba ilikuwa imeshaungua. Mlango wa kusukumia barua chini yake haukuwepo.

Mtoro! Neno la mtoto aliyeruka ua kwenda kuiba mapera. Baada ya uchaguzi ule watu wenye mapanga walinifukuza, kisha serikali ikanifukuza kwa sababu niliwakimbia.

Neno hilo likifutwa, itahesabiwa kwamba nilistaafu, nami nipate pensheni. Lisipofutwa, utumishi wangu wote ni bure. Jeruto anataka shahidi mmoja tu: aliyekuwa mkuu wangu wa kituo. Ooko.

Jumatano, 5 Machi

Namalwa amecheka mpaka akaweka mwiko chini. Mke gani huyu! Eti, Baba Khisa, unaenda kumwomba fisi athibitishe mbuzi alipotelea wapi?

Nimeuokota mwiko. Ugali ulikuwa unaungua.

Jumamosi, 8 Machi

Rongai, kwa Ooko. Anafuga kuku, ametoa kitambi, tena cha mtu aliyestaafu kihalali.

Januari ile tulikimbia siku moja, yeye na mimi, tukaishia kambi moja, chini ya turubai moja la msaada. Mimi nilibeba redio. Yeye alikuwa amevaa koti lake la kazi, na mfukoni mlikuwa na fomu ya likizo na muhuri wa kituo. Akajiombea likizo, akajikubalia, akagonga muhuri juu ya goti. Makao makuu walipotaka kujua nani yuko kazini, akaandika: Ooko, likizoni. Sitati, hayupo, bila ruhusa. Aliandika kwa kalamu yangu!

Leo nimemuuliza kwa nini hakuniandikia na mimi likizo.

"Omera, ndugu yangu, fomu ilibaki moja."

Tumecheka, yeye mpaka akakohoa. Kisha akanieleza. Akisema tulilala pamoja kambini, watauliza kuhusu ile likizo yake. Na pensheni yake ndiyo inamsafisha mkewe, Mama Jackie, damu hospitalini kila wiki. Nimemwona Mama Jackie. Amenisalimia akiwa ameegemea ukuta.

Hata hivyo Ooko ameahidi kuja. "Siwezi kukuacha, Sitati." Hivyo ndivyo alivyosema.

Jumanne, 11 Machi

Amekuja! Tai, viatu vimeng'aa. Ameapa.

Jeruto kamuuliza Januari ile nilikuwa wapi. Kambini, akasema. Alijuaje? "Nilisikia tu, madam. Mimi nilikuwa likizo."

Alisikia! Nakoroma kwa nguvu, lakini si kiasi hicho.

Mwenyekiti wa kamati ya rufaa kasema ya kusikia hayahesabiwi. Akanigeukia: mzee, una swali kwa shahidi? Kabla sijafungua mdomo, chai ikaja. Mapumziko. Naandika hapa koridoni.

Swali ninalo, fupi: Bwana Ooko, kule kambini, nani alilala kando yangu? Namjua. Nikimtazama machoni hataweza kudanganya. Neno langu, mtoro, litafutika leo leo. Na wataanza kuliandika lake.

Namalwa kapiga simu. Umeuliza? Bado. "Uliza, Baba Khisa! Yeye ana pensheni, wewe una maneno mazuri tu!"

Ooko ameniletea kikombe. Hakutia sukari, hakusahau ninavyokunywa. Ameketi, tai ameilegeza.

"Omera. Utaniuliza nini?"

Nimepuliza chai. Bado ni moto. Jeruto amefungua mlango, anasema wazee wangu, karibuni ndani, na Ooko hajainuka, ananingoja mimi niinuke kwanza —