Mimea Yako Inayokula Nzi

Kiirua, Jumatatu

Koome mwanangu,

Ann wa jirani anakuja huko Doha kazini. Ndiye atakuletea barua hii, kwa sababu simu zangu hupokei.

Huku baridi ni kali lakini viazi vimekubali, na ng'ombe amezaa ndama jike. Mimea yako inayokula nzi bado iko dirishani. Naipa maji ya mvua tu kama ulivyoniagiza, ya mfereji kamwe. Mbolea pia siweki, ingawa naona aibu kunyima mmea samadi na boma limejaa.

Baba yako anakula vizuri, ila anasahau. Alianza na majina ya majirani. Siku hizi ananiuliza mimi ni wa kwa nani.

Jana baada ya kanisa nilipika kuku. Nilimkuta baba yako dirishani na sahani yake, anatia kipande cha nyama ndani ya jani la mmea wako. Alikuwa akisema, "Kula, Koome, umetoka mbali." Jani likajifunga. Akanigeukia akicheka na machozi yanamtoka: "Umeona? Amekula."

Jani hilo litaoza, wewe ndiye uliyenifundisha kwamba nyama huliozesha. Lakini kila anayeingia hapa anaambiwa umekuja, umekula, umeshiba.

Njoo ule wewe mwenyewe, kabla hajasahau na jina lako.

Mama yako,
Ciakuthii