Sufuria ya Samaki Chini ya Kitanda

Riziki, mujukuu na muke yangu mudogo wa kule Bukavu,

Huku Baraka tuko wazima. Koko mwanamuke, muke yangu mukubwa, iko Mboko, anavuna muhogo. Mimi silale tena, tangu nisikie teatre yetu ya zamani itapita ku televizyo, na we ndiye utacheza yule mama tajiri wa choyo. Unauliza umucheze mubaya namna gani.

Usikie staa wa Fizi nzima! Mi nilicheza bwana yake. Mugeni akapiga hodi, nikaficha sufuria ya samaki chini ya kitanda, nikaanza kusali. Mama moja kati ya batazamaji akasimama: "Anadanganya! Samaki iko chini ya kitanda!" Mugeni wetu, mwenye njaa ya kweli, akaivuta. Muchezo ulitaka kunifia mikononi. Nikamukumbatia: "Ndugu yangu, hii samaki nilikuwa ninakuchungia wewe!"

Batu bakacheka, lakini bakubwa benye kuikala mbele bakaangalia chini. Kila mutu alishasema vile kwake.

Basi usimucheze mubaya. Mucheze mwenye haraka ya kuonekana muzuri. Na ukikamatwa, nyamaza kidogo mbele ya kujibu: mama kama yule mutazamaji wetu atasimama mu salon ya nyumba yake, akupigie kelele.

Nimeshaomba kiti kwa jirani mwenye televizyo.

Koko yako