Uyoga wa Masjala

Dada yangu mpenzi,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Shemeji bado anakukataza kupanda ngazi? Mimi mwili mzima ila moyo hautulii. Unisamehe mwandiko, naandikia pajani.

Unajua natunza mafaili ya wastaafu hapa masjala. Ukuta wa nyuma unavuja tangu mwaka juzi. Tulimwandikia mkurugenzi mara tatu, akajibu tufungue madirisha. Ukungu ukala mafaili, majina yakafutika, wazee wa watu wakawa wanarudi nyumbani mikono mitupu. Mwezi uliopita uyoga mweupe ukaota kwenye mguu wa kabati.

Wiki hiyo jarida letu la wafanyakazi likatoa shairi fupi lisilo na jina la mtunzi. Lilisema uyoga hauna kosa, unatoa tu habari za gogo lililooza ndani. Watu wakacheka chinichini, kila mmoja akitaja gogo lake. Mkurugenzi hakucheka. Alimwita mpiga chapa, yule baba mpole anayenigawia chai yake, kwa kuwa ndiye aliyelichapa, akamtaka aseme gogo ni nani. Yule baba akajibu kwamba yeye ameona uyoga tu. Akasimamishwa kazi. Alipokuwa akifungasha vitu vyake alinitazama mara moja, akaniaga kama kawaida.

Dada, alijua. Shairi ni langu. Siku tisa nimenyamaza, mlango ukigongwa nashtuka. Nilijiambia nina watoto. Naye anao.

Leo asubuhi nimeingia kwa mkurugenzi nikakiri. Hakufoka. Aliuliza taratibu, "Na gogo ni nani?"

Ningeweza kusema ni gogo tu. Nikausikia ulimi wangu ukisema, "Ni wewe, mzee."

Akaniambia nisubiri nje. Nakuandikia nikiwa kwenye benchi la ukumbini. Namsikia kwenye simu, maneno siyapati. Naogopa, dada, sijawahi kuogopa hivi.

Katibu wake ametoka sasa hivi na maagizo yake. Mpiga chapa arudi kazini kesho. Mimi niingie, na nije na funguo za masjala.

Mama usimwambie kwanza, nitamwambia mwenyewe. Nisalimie shemeji na wanao wote, na uniombee nisilie mbele ya mkurugenzi.

Ni mimi mdogo wako,
mtunzi wa shairi