Bodi Isiyochukua Vipimo

Jumatatu, 4 Machi

Alhamisi ndiyo hukumu ya rufaa. Leo nimeshona mkono wa kulia kwenye bega la kushoto! Mume wangu kacheka: na chuma nacho utakishona kinyume? Mwache acheke. Maisha yangu yote nimeshona nguo za watu, sasa nataka kushona chuma — mageti, madirisha, vitanda. Chuo cha ufundi kina darasa la kuchomelea. Niliomba nafasi, bodi ikanijibu kwa barua ya mstari mmoja: umri umepita. Nina hamsini na tatu. Umepita umekwenda wapi? Hata kuniita wanione, hawakuniita.

Jaji wa kwanza aliamuru nipokelewe. Chuo kikakata rufaa.

Mkwe wangu, mume wa binti yangu, kaniletea kofia ya kuchomelea, ile yenye kioo cheusi. Nimeivaa nikipika. Sikuona kitu, lakini vitunguu havikuniliza!

Alhamisi, 7 Machi

Tumeshindwa. Hapana, tumeshinda! Ngoja niandike taratibu.

Majaji watatu. Wa katikati ndiye aliyesoma. Kwanza: jaji wa chini alivuka mpaka. Kuchagua wanafunzi ni kazi ya bodi, si ya mahakama. Amri ya kunipokea imefutwa. Mume wangu akanishika mkono — mbele za watu, yeye!

Halafu: lakini bodi nayo ilikosea, ilinikataa bila kunisikiliza. Ombi lirudi kwao, wanisikilize, waamue upya. Mkwe wangu akapiga mluzi. Jaji akamtazama juu ya miwani. Mkwe akanywea.

Nje nikamfokea wakili, maskini. Watu watatu wazima, na majoho yao, wanashindwaje kuniambia ingia darasani? Wakili mwenyewe ni mtoto wa dada yangu, hanibembelezi. Mama mdogo, kasema, mteja akikushtaki kwa nguo, mahakama itauliza kama ulichukua vipimo. Haitashika mkasi ikate yenyewe.

Kisha nikacheka mpaka machozi. Bodi ilinikata bila kunipima! Sasa hilo ungeniambia tangu mwanzo, nimemwambia.

Na wakinisikiliza, wanaweza kunikataa tena? Wanaweza, kasema. Furaha ikapungua kidogo. Kidogo tu.

Ijumaa, 8 Machi

Nimeimba kutwa nzima. Jirani kauliza nani anaolewa. Mimi, nimemjibu.

Jumanne, 19 Machi

Kesho bodi. Leo mazoezi sebuleni. Mume wangu mwenyekiti, kajifunga tai juu ya fulana. Macho yako, mama, yanaona? Natunga uzi sindanoni bila miwani, mheshimiwa. Utawaweza vijana darasani? Nimekuweza wewe! Mwenyekiti kacheka mpaka kavua tai.

Baadaye kaniuliza taratibu: wakikataa je? Nikamwambia ukweli, naogopa. Naitaka nafasi hii, naitaka kweli. Akasema basi kawaambie hivyo hivyo.

Jumatano, 20 Machi

Niko kwenye benchi, korido ya chuo. Karakana iko upande wa pili wa ukuta, nasikia chuma kikikatwa. Harufu yake!

Mlango wao haukufungwa vizuri. Mmoja anasema mambo yale yale: umri, vijana, mama mtu mzima. Kaongea weee. Mwenyekiti — yule yule aliyetia saini ile barua — kamkatiza. Kasema: ngoja, bado hatujamuuliza yeye.

Bado hatujamuuliza yeye! Nimejiziba mdomo kwa kiganja nisipige kigelegele hapa koridoni.

Sasa naona viti vinasogezwa. Havitoshi. Mwenyekiti katoka mwenyewe, kapita mbele yangu, karudi na kiti mkononi. Kasema samahani mama, dakika moja.

Na mimi nimegundua sasa hivi: tepu ya kupimia iko shingoni! Nimetoka nayo nyumbani, nimepita nayo mjini, hakuna aliyeniambia. Niivue?

Wananiita. Acha ikae hapo hapo.