Mama, Usimlilie Chebet Getini

Calgary, Kanada,
Jumanne jioni

Mama mpendwa,

Pokea salamu tele kutoka kwenye baridi hii. Goti linaendeleaje? Mahindi yameshika, ama mvua imewachezea tena? Mimi mwili ni mzima, roho ndiyo inayougua. Nimemwomba binamu Nekesa akusomee barua hii kwenye simu yake, maana tukiongea nitapiga kelele, nawe utasema nimekuwa kama shangazi.

Kazi ya kutunza wazee inaendelea. Bibi mmoja ninayemwogesha huniita kwa jina la binti yake. Siku hizi naitika tu.

Sasa, Chebet. Unajua tuliandika naye kile kipindi cha runinga miaka mingi, tukiwa meza moja pale Nairobi. Yeye aliandika maneno ya baba, mimi ya mama, na karibu kila neno la yule mama nililitoa kinywani mwako. Halafu akaacha mshahara, eti aongoze filamu zake mwenyewe bila bosi. Nikamwambia atarudi analia. Hakurudi. Filamu ya kwanza aliifanyia Longonot na watu wakaipenda, mimi nikaja huku kubadilisha mashuka.

Hilo nilikuwa nimelimeza. Lakini Nekesa ananiambia yuko kijijini kwetu Bahati, anashuti filamu nyingine, na mama wa filamu ni wewe! Eti hataki waigizaji wala maneno ya kuandikwa. Anawasha kamera na kumwambia mtu afanye vile angefanya nyumbani kwake. Nekesa alinitumia sauti zenu, Chebet akikuambia:

"Mum, hapo umeweza! Tu-repeat tu kidogo, lakini usiangalie camera."

Nawe ukamjibu, "Sawa mtoto wangu, wacha nifunge leso vizuri."

Mtoto wako! Nilizima simu. Nina wivu, Mama, sitaficha, wivu wa kunikosesha chakula. Ana jina, ana filamu, na sasa ana mama yangu.

Tena Jumamosi mnashuti ile sehemu ya mwisho, binti akienda ng'ambo na mama akimsindikiza hadi getini, na Chebet anataka ulie. Mimi nilipoondoka hukulia. Ulisema, "Haya nenda, usichelewe ndege," ukachukua ndoo ukaenda kukamua. Nililia peke yangu hadi Nairobi.

Nisalimie Baba Mdogo na kwaya yake, na Mama Wanjiru jirani. Nekesa mwambie asante kwa umbea.

Lakini Jumamosi, nakuomba, usimlilie. Fanya ulivyonifanyia mimi: chukua ndoo, uende zako. Akiuliza machozi yako wapi, mwambie yana mwenyewe. Na yakikujia bila kuitwa, mwambie azime kamera, halafu unipigie, hata kama niko kazini.

Ni mimi binti yako, yule uliyemzaa,
Nafula