Neno la Kumkwepa Mkwe

Jumapili, 2 Juni 2019

Mwalimu Sodladla amekuja baada ya ibada, na viatu vyake vya kanisani, kunishtaki nyumbani kwangu mwenyewe. Eti watoto wanaotoka chekechea kwangu na kuingia darasa lake la kwanza wanaharibu Kixhosa. Kachora ubaoni duara lenye miale, kauliza hiki ni nini, nusu ya darasa ikajibu letsatsi. Kisotho! Katika kipindi cha Kixhosa! Yote kayasema mbele ya mama mkwe, huku anakunywa chai yangu.

Nifanyeje? Baba mkwe wangu amepewa jina la kitu hicho hicho. Kile kinachochomoza mashariki na kukausha nguo. Mkamwana halitamki jina la mkwe, wala neno lolote lililolibeba. Sheria niliikuta, sikuja nayo. Hata hapa siliandiki, na hakuna asomaye hapa ila mimi. Mkono wenyewe unakataa.

Wake wengine wana maneno yao ya kukwepea, hurithishana jikoni. Mimi nilikuja mgeni kutoka upande wa Wasotho, sina hata moja. Siku ile ya kwanza ilibidi niseme nguo zitakauka kwa nini, mdomo ukatoa la kwetu: letsatsi. Mama akaridhika. Alisema mradi si jina la mzee, hata Kichina sawa. Miaka minane sasa nalitumia. Leo baada ya mwalimu kuondoka ndipo ameona kosa. Nitafute neno la Kixhosa kabla ya mwezi kwisha, ama chekechea niiache. Kaongea polepole. Akiongea polepole ujue — nimeandika nini! Hata humo limo. Nimelikata kwa mstari.

Akiongea polepole ni hatari.

Jumanne, 4 Juni

Leo watoto wamegombania maji. Si maji yenyewe, jina lake. Kila nyumba ina mkwe wake na kila mkwe ana jina lake, basi mama wa huyu hasemi hivi na mama wa yule hasemi vile, na watoto wanaokota walichosikia jikoni. Kikombe kimoja, majina manne. Nosebenzile, mpishi wetu, amecheka mpaka akakaa juu ya gunia la mahindi.

Chuoni alikuwepo mhadhiri mmoja aliyetuambia kwamba zile sauti za kugonga ulimi, ambazo mimi Msotho zilinitoa jasho, Waxhosa walizipata kwa majirani zao wa kale, Wakhoi, na kwamba huenda zilipitia vinywani mwa wake. Mke anahitaji neno la kukwepa, jirani anasema lugha nyingine, analiazima. Tulimcheka. Sasa simcheki. Lugha nzima imebadilika ladha kwa sababu ya wake walioogopa wakwe zao!

Nosebenzile amenipa neno la kwao. Zuri, lina heshima. Nimelisema kutwa nzima na linanikaa mdomoni kama kiatu cha mtu.

Lipo na neno jingine linaloniudhi zaidi. La kuwa na hamu ya nyumbani. Kwa Kixhosa linaanza na jina lake mzee, kwa hiyo nalo nimekatazwa. Miaka minane sina ruhusa hata ya kutamka kwamba nina hamu ya kwetu. Nikikaa kimya naulizwa, nasema tumbo linauma.

Jioni mzee ameulizia ng'ombe. Waliuzwa kabla sijaolewa. Mama amemjibu wako malishoni, akaendelea kuchambua maharage.

Alhamisi, 6 Juni

Niandike kabla sijaanza kudhani nimeota.

Nilikuwa nafagia mbele ya zizi tupu. Baba mkwe akasimama mlangoni na blanketi lake, akaniuliza kama mama amekwisha kukama. Kwa Kisotho. Si Kisotho cha sokoni — Kisotho cha milimani, safi, kama cha bibi yangu! Huyu ndiye aliyenikaripia mwaka ule wa kwanza kwa kumwimbia mwanangu kwa lugha yangu. Katika ua huu tunasema Kixhosa, alisema, na kwa wiki nzima hakula nilichopika.

Nimemjibu kwa Kisotho. Bado hajakama, nimesema. Akatikisa kichwa, akaenda zake kuketi.

Mama anasema ugonjwa wa kusahau unambwabwajisha. Nimempigia mume wangu Mzukisi kule Durban, naye kamcheka babake. Baba hana Kisotho hata cha kuombea maji, anasema. Basi nimekata simu. Mtoto tu, Lunathi wangu, ndiye aliyeona sawa na mimi: Babu anaongea kama wewe ukiwa na hasira.

Jumapili, 9 Juni

Kixhosa kinamtoka siku hadi siku. Leo asubuhi hakubaki nacho ila cha salamu. Na sasa nani anatakiwa? Mimi! Mama aliyenipa mpaka mwisho wa mwezi anakuja jikoni, anakohoa, anauliza bila kunitazama, Baba Mzukisi anasema nini?

Nafurahi. Naiandika wazi, nafurahi, na furaha yenyewe si nzuri. Nasimama kati yao wawili kama bwana mkubwa.

Mchana alimtazama mkewe muda mrefu, akaniuliza huyu bibi kizee wa watu ni nani, na mbona haendi kwake. Mama akasubiri tafsiri. Mikono ameikunja mapajani. Nikasema, anasema makande yamekolea leo.

Akasema, asante, Baba Mzukisi. Furaha yangu ikaishia hapo.

Jumatano, 12 Juni

Sijapata kula. Sina pa kuanzia.

Asubuhi nilikuwa kwenye kamba ya nguo. Nikamwita Lunathi kama nimwitavyo kila siku, leta beseni, letsatsi limetoka. Mzee akatoka ndani, kifua wazi na baridi yote hii, akaja moja kwa moja mbele yangu. Akaitika. Kama mtoto aliyeitwa na mamake.

Nikasema sijakuita, Baba.

"Umeniita," akasema. "Kila siku unaniita, kisha unanyamaza. Letsatsi si ni mimi?"

Akaeleza, na kwa mara ya kwanza mwezi huu maneno yake yalikuwa na mpangilio. Mamake alikuwa Msotho wa upande wa Qacha's Nek. Letsatsi ndilo jina alilompa. Babake alikuja na farasi kumchukua akiwa mdogo, na kabla hawajavuka mto jina likageuzwa la Kixhosa, maana ile ile, na akaambiwa akilisema lile la kwanza atachapwa. Alichapwa. Akaacha. Hata mkewe hakumwambia. Halafu nikaja mimi, bi arusi na shuka langu begani, na asubuhi ya kwanza nikalitamka uani kwa sauti.

"Nilikuwa ndani," akasema. "Nikasema, ndiye huyo amekuja."

Akalia. Nami nikalia, na nguo zikaanguka chini zikachafuka, nikazifua upya.

Miaka minane! Neno nililolishika ili nisimtaje mkwe ndilo jina la mkwe. Nimelitaja asubuhi, nimelitaja mchana, nimewaimbisha watoto wa kijiji kizima. Nusu ya darasa la Mwalimu Sodladla inamwita mzee wa watu kwa jina lake la utotoni! Ingekuwa ya mwingine ningecheka mpaka nianguke.

Ya kwangu haichekeshi. Mama akisikia, nitarudishwa kwetu nikalete mbuzi wa kuomba radhi, na mama yangu hana mbuzi wala hana miguu ya kumtafuta. Na sina hakika kama nikienda nitaitwa tena. Mama amesubiri kosa langu tangu siku ya posa. Na Lunathi ni mtoto wa ukoo wao, hatafuatana nami.

Simwambii mtu.

Jioni sikuwa na neno la kuita kile kilichokuwa kinazama nyuma ya mlima. Yote mawili yameniponyoka, na la Nosebenzile bado ni kiatu cha mtu. Nimesema kumekuchwa, ingieni ndani.

Ijumaa, 14 Juni

Shule zimefungwa. Redioni wanasema theluji itashuka hadi mabondeni.

Mzee ametoka mara mbili. Mara ya pili alishafika njia ya mlimani. Nimemfuata nikiita Baba, Baba, hageuki. Si baba wa mtu huyo, ni mtoto anarudi kwao. Jirani aliyekuwa na kondoo zake akamwita kwa jina lake la hapa, wanaume wanaruhusiwa. Mzee akageuka kutazama ni nani huyo nyuma yake anayeitwa.

Hilo nililiona. Jina la kumrudisha lilikuwa mdomoni mwangu, likagoma kutoka. Nikamkimbilia, nikamshika mkono.

Nimewaza nimwambie Mzukisi kwa simu. Lakini namwambiaje bila kulitamka? Na Mzukisi hana siri kwa mamake, hata ya zawadi.

Jumamosi, 15 Juni

Ametoka. Alfajiri, tumelala. Mlango wazi, fimbo haipo, blanketi limebaki kitandani.

Ukungu umefunika mlima wote. Wanaume wamepanda tangu asubuhi, nawasikia, wanaita jina lake, wanaita, mwangwi ndio unaowajibu. Wamerudi kuota moto, wamekunywa chai, wamepanda tena. Mmoja anasema kama ni mzima angeitika. Watu husema ovyo.

Mama yuko hapa karibu na jiko la mafuta. Haongei polepole wala haraka. Ameniuliza, si kwa ukali, kwa nini haitiki, wote hao wanamwita kwa nini haitiki?

Nimesema labda upepo. Mungu anisamehe, nimesema labda upepo.

Jumamosi, mchana

Naandika nimesimama, nangoja maji yachemke.

Tulipanda wawili, mimi na Mama, hadi mwamba ulio juu ya korongo. Theluji imeanza, nyembamba. Mama akaita Baba Mzukisi, Baba Mzukisi. Ni hilo tu alilo nalo. Tangu aolewe hajapata kutaja jina la mumewe, na wala la kwanza hakupata kulisikia. Sauti yake ikakatika. Akakaa chini juu ya jiwe la baridi, mtu mzima vile, akaanza kulia kwa kwikwi. Hapo nikashindwa.

Nikasema, Mama, haitiki kwa sababu hilo si jina analolisikia. Analo la utotoni. La Kisotho. Alipewa na mamake.

Akauliza lipi.

Nikasema, ni lile ninalolitaja kila siku.

Hakuelewa. Kisha akaelewa, nilimwona. Akanitazama kama ambavyo hajanitazama tangu nilipovuka kizingiti chake. Nikangoja nipigwe. Nikasema sikufahamu, Mama, naapa, nimefahamu Jumatano. Nikaona kwamba Jumatano nayo ni mbali, siku tatu nzima nimekaa kimya. Naye akaliona hilo.

"Ita," akasema.

Nikaita. Letsatsi! Kwa nguvu zote, ukungu ukalimeza. Nikaita tena, na tena, na kutoka ng'ambo ya korongo, chini, sauti nyembamba ikajibu. Mme! Mama. Ananiita mama.

Basi nimelitamka, na ninaliandika. Letsatsi. Langa. Jua. Majina yake yote mawili na maana yake. Wacha mbuzi aje.

Wanaume wamelazimika kuzunguka hadi kivukoni, hapa korongo halishukiki. Ni mwendo mrefu na theluji inazidi. Mama alisema nisiache kuita, asije akalala. Nikaita, akaitika, nikaita, akaitika. Kila akiitika sauti inakuwa ndogo zaidi. Kisha sauti yangu ikakauka kabisa, ikatoka pumzi tupu. Mama akanisukuma nije nichukue chai na mablanketi na nirudi mbio. Nikamwuliza nani ataita. Akageukia korongo.

Maji bado. Lunathi ameshika blanketi la babu yake mlangoni, anasema sikiliza.

Nasikia. Ni Mama, kule juu. Analiita jina la mumewe.

Ni Letsatsi, lakini analiita kwa lafudhi ya Kixhosa. Anavuta pasipovutwa, anashusha pa kupandisha, si jina tena, ni kelele tu. Anaita na kunyamaza, anaita na kunyamaza, na akinyamaza sisikii kitu. Hatamtambua, kwa namna ile hatamtambua. Chai basi, nachukua blanketi. Naenda nikamfundishe.